Boriti ya Tatu Kutoka Mlangoni

Wodi ya Wanaume,
Kitanda cha katikati.

Mdogo wangu mpendwa,

Nakusalimu kwanza wewe, kisha mkeo, kisha wote waliomo humo ndani. Magoti yako yanaendeleaje? Binti yako ananiambia siku hizi unafungua kibanda chako cha misumari na vitasa jua likiwa limeshapanda, kwa sababu asubuhi miguu inagoma kunyooka. Kubali mkeo akukande kwa maji ya moto, uache ubishi wako. Nasikia pia mmebadilisha mabati ya upande wa jikoni. Nimefurahi. Kulala chini ya paa unalolitilia mashaka ni kazi ngumu, na hivi karibuni nimeijua vizuri.

Ukiuliza habari zangu, sijambo kwa kadiri mtu wa umri huu anavyoweza kuwa hajambo. Miguu imevimba, mapafu yanajaa maji, na daktari ameacha kuniambia nitarudi nyumbani lini. Sasa ananiuliza tu kama nimekula. Nimesoma vya kutosha kuelewa maana yake, na kifo nimekwisha kukizoea kama jirani asiyesalimia. Sikuandikii kwa ajili hiyo. Nakuandikia kwa sababu kuna boriti juu ya kichwa changu, na ninaiogopa. Naomba barua hii uisome peke yako kwanza, mlango ukiwa umefungwa, kisha ndipo umsomee mkeo.

Jengo hili unalijua kuliko mtu yeyote aliye hai, maana ulilijenga wewe. Nilipozidiwa, binti yako ndiye aliyetafuta gari akanileta hapa anapofanya kazi. Nilikuwa sijitambui. Nilipozinduka, kitu cha kwanza kukiona kilikuwa dari, na katikati ya dari boriti ya tatu kutoka mlangoni, na mimi nimelazwa chini yake sawasawa. Nilidhani nimekwisha kufa na hapo ndipo nilipopangiwa. Kisha nikamsikia muuguzi akimgombeza mtu kwa kutupa maganda ya chungwa sakafuni, nikajua bado nipo duniani.

Boriti ina ufa. Usikasirike, wala usiiweke barua chini. Sisemi kazi yako ilikuwa mbaya, na huko mbele utaona kwa nini sisemi. Ufa wenyewe ni mwembamba kama uzi wa cherehani, umeanzia chini, katikati kabisa, unapanda. Mgonjwa mwingine angedhani ni utando wa buibui. Mimi nimekaa kwenye kiti cha mhandisi wa halmashauri mpaka nikastaafu, na ufa wa namna hiyo naujua kama ninavyoijua sauti yako. Pembeni mwake kuna doa la rangi lenye umbo la sikio. Siku nilipozinduka ufa ulikuwa chini ya doa. Sasa umelipita. Kila asubuhi nikifumbua macho nautazama huo kwanza, hata kabla ya kumshukuru Mungu.

Juu ya boriti hiyo, ghorofani, palikuwa na stoo ya mashuka. Sasa halmashauri imeamua hospitali iwe na akiba yake ya maji, na ndani ya stoo wamepanga matangi matatu meusi yanayokaribia kugusa paa. Bado ni matupu, na hata hivyo ufa unapanda. Yakijaa, kila moja litakuwa na uzito wa lori lenye shehena. Nimepiga hesabu kichwani mara nyingi nikitumaini nimekosea mahali. Sijakosea.

Kilichotuokoa mpaka sasa ni ugomvi wa malipo. Mkandarasi wa matangi ni mama mmoja kijana, umri kama wa binti yako, mwenye kampuni ndogo na mafundi wachache. Halmashauri haijamlipa hata kazi ya kuyapandisha. Mhasibu anamwambia maji kwanza, malipo baadaye, kwa kuwa mkataba unataka matangi yajazwe na yakae bila kuvuja ndipo saini itiwe. Yeye anamjibu malipo kwanza, maji baadaye, kwa kuwa wakishapata maji hawatalikumbuka hata jina lake. Ameifunga koki kubwa kwa kufuli na ufunguo anatembea nao kwenye mkoba. Mafundi wake hukaa kwenye ngazi chini ya dirisha letu wakicheza drafti kwa vizibo vya soda. Juzi mmoja wao alisema halmashauri hulipa kama mzee anavyokojoa, anasubiriwa sana na yanatoka matone. Wodi nzima ya wazee ilicheka, na mimi nikiwemo, mpaka kifua kikaniuma.

Lakini usiku nililala nikiomba. Mimi niliyekuona wewe ukizungushwa na halmashauri mpaka viatu vikaisha, nilikuwa naomba halmashauri isimlipe yule mkandarasi. Naomba mhasibu augue, saini ikosekane, kikao kiahirishwe. Mtu akipita koridoni na bahasha mkononi, moyo wangu unaruka. Akipita bila kitu, napumua. Hivyo ndivyo ninavyoishi.

Utaniuliza kwa nini sikusema. Nilisema, kwa namna yangu. Nilimwambia daktari kwamba boriti hii ina kasoro na watu waondolewe. Aliinua macho, akaitazama, akanishika bega kwa upole, akasema jengo hili limesimama tangu yeye yuko shuleni, na kwamba amesikia ni mimi mwenyewe niliyelikagua. Halafu akamwambia muuguzi anipime homa. Nikanyamaza. Ili aniamini ilikuwa lazima nimwambie nimejuaje, na hilo lilikuwa halijawahi kutoka kinywani mwangu.

Basi nikachagua njia ya mwoga. Nikaamua kuwaondoa wenzangu chini ya boriti kwa ukorofi. Upande wangu wa kulia alikuwa dereva mstaafu, mtu mwema, anayekoroma. Nikamlalamikia mbele ya watu asubuhi, mchana na jioni, nikasema nimewahi kulala karibu na mashine ya kukoboa na ilikuwa na adabu kuliko yeye. Akahamishiwa dirishani, akiwa amenuna. Upande wa kushoto alikuwa fundi cherehani aliyevunjika mguu. Huyo hakuwa na kosa lolote, ikabidi nimtafutie. Nikaanza kuimba alfajiri. Alivumilia siku kadhaa, akamwambia binti yako kwamba afadhali mguu ukatwe kuliko kuisikia tena sauti hiyo. Akahamishwa. Aliyebaki ni mmoja tunayemwita Redio, kwa sababu haishiwi habari, na kitanda chake kiko miguuni pangu. Redio hakasiriki. Nikimtukana anacheka, anasema matusi yangu ni ya watu waliosoma, hayaumi. Sijajua nimfanyeje.

Binti yako ananionea haya. Alikuja akaketi ukingoni mwa kitanda, akaniambia kwa sauti ya chini, Baba mkubwa, wenzangu wananiuliza kama hivi ndivyo ulivyo nyumbani. Nikamwambia ndivyo nilivyo. Na wakati wote huo alikuwa ameketi chini ya boriti, mdogo wangu, akinikunjia shuka, na mimi natazama juu ya kichwa chake.

Humu ndani nimekuwa na muda mwingi wa kuyarudia yale ya zamani. Wewe unayajua kwa upande wako. Boriti na sakafu ya ghorofa zilikuwa zimekwisha, lipu na rangi umepaka, na hati zako tatu za malipo zilikuwa mezani kwa mkurugenzi zikila vumbi. Ulifunga geti la saiti kwa mnyororo, ukasema haingii mtu mpaka ulipwe. Wakaja na polisi, geti likafunguliwa. Kisha ikaja kamati, mkurugenzi, mhasibu, madiwani wawili, na mimi mhandisi. Mkurugenzi akazunguka ndani akitazama boriti moja baada ya nyingine, akanyoosha kidole kama anayechagua nyanya sokoni, akasema tufungue hii. Ilikuwa ya tatu kutoka mlangoni. Mchoro ulitaka nondo tano chini. Lipu na zege vilipochongwa, zikaonekana tatu. Nakumbuka uso wako. Ulisogea, ukapanda ngazi, ukatia vidole ndani ya lile tundu ukazigusa moja moja, kama mtu anayegusa meno yake baada ya kupigwa.

Hati zote tatu zikafutwa. Msuluhishi akasema mkandarasi aliyeiba nondo hana cha kudai. Dalali akachukua lori, akachukua mashine ya kuchanganyia zege, mwisho akachukua nyumba. Na mtaani ukapewa jina ambalo nililisikia hata kwa watoto wakicheza mpira: Mla Nondo. Binti yako alikuwa darasa la nne. Siku moja alirudi akauliza kama ni kweli nondo zinalika.

Lakini lililokuumiza zaidi silo hilo, nalijua. Wewe ulijua hukuiba. Kwa hiyo ukatafuta nani aliiba, na aliyekuwa akisimamia ufungaji wa nondo alikuwa kaka wa mkeo. Uliniuliza mimi. Ulikuja nyumbani kwangu umekonda, ukaniuliza, kaka, wewe ni mhandisi, inawezekana nondo mbili zikakosekana bila msimamizi kujua? Nikakujibu haiwezekani. Jibu hilo lilikuwa la kweli kwa maneno yake, na ndilo jambo baya kuliko yote niliyowahi kusema. Ukamfukuza. Akaapa kwa kila kitu, ukamfukuza. Miaka ikapita, akafa, na mkeo akaenda kumzika kaka yake peke yake, kwa sababu wewe ulikataa kuusindikiza mwili wa mwizi.

Mimi nilimsomesha binti yako. Tangu siku hizo mpaka alipovaa sare ya uuguzi, nililipa kila kitu, na kila mwisho wa mwaka ulinipigia simu kunishukuru, na mara mbili ulilia. Kila uliponishukuru nilikaa siku nzima bila kula. Mke wangu, Mungu amrehemu, alidhani ni tumbo.

Sasa nirudi kwenye ya hapa. Siku nne zilizopita mkandarasi wa matangi aliingia wodini kunisalimia, kwa kuwa aliambiwa nilikuwa mhandisi. Akaketi, akanieleza matatizo yake kama mtu anayemweleza baba. Amekopa kununua mabomba. Mafundi wake wanamdai. Mumewe anamwambia aachane na kazi za serikali auze nguo. Nikamwambia kwa uangalifu kwamba angefanya vizuri asiyajaze matangi kwanza, kwa kuwa boriti ya chini yake si ya kuaminika. Akacheka kwa uchungu. Akasema asipojaza, hakuna kipimo, na pasipo kipimo hakuna hata senti, kwa hiyo kumwambia asijaze ni kumwambia akauze hizo nguo. Kisha akainama, akaniuliza kwa sauti ya umbea kama ni kweli jengo hili ndilo la yule Mla Nondo. Akasema katika kazi yao bado wanatishiana kwa jina hilo, wakimwona mtu anabana vifaa wanamwambia angalia usije ukawa Mla Nondo wa pili.

Nikasema, hakula.

Neno likatoka lenyewe. Akaacha kucheka. Akaniuliza, wewe umejuaje, mzee? Nikakohoa. Mdogo wangu, nilikohoa kwa makusudi, nikaendelea mpaka muuguzi akaja na mkandarasi akaombwa atoke. Hivyo ndivyo kaka yako alivyo jasiri.

Na leo asubuhi habari imekuja. Redio ndiye aliyeitangaza, amekaa kitandani, mikono hewani kwa furaha. Halmashauri na mkandarasi wamepatana. Nusu ya malipo imekwisha kuingia, nusu itatoka matangi yakishajaa na kukaa. Watajaza keshokutwa. Wazee wakapiga makofi, kwa sababu tumechoka kuogeshwa kwa ndoo. Chini ya dirisha mafundi walikuwa wakiimba. Mimi nilitazama juu. Nilidhani naona ufa ukisogea, ingawa najua ufa hausogei kwa kutazamwa. Nikaweka kikombe cha chai chini. Ndipo nikaomba kalamu.

Sasa nakuambia, kabla mkono haujakataa.

Wiki moja kabla ya kamati kuja, mkurugenzi aliniita ofisini, akafunga mlango, akaniagizia chai. Fedha za jengo zilikuwa zimekwisha kutumika kwingine na hakuwa na cha kukulipa. Akaniuliza kwa upole kama ni kweli mimi na mkandarasi ni baba mmoja. Unajua tulivyokuwa tukitumia majina tofauti, kila mmoja la kwa mama yake, na hakuna ofisini aliyejua. Nilikuwa sijaandika popote kwamba nasimamia kazi ya ndugu yangu. Nikakubali. Akasema yeye hana neno, lakini wakaguzi wakijua, mhandisi atafungwa na mkandarasi pia. Kisha akasema ipo njia moja ya mhandisi kuonyesha kwamba hapendelei ndugu yake, nayo ni mhandisi huyo kumkuta nduguye na kosa. Nikamwambia kazi haina kosa, nimeikagua mwenyewe. Akanimiminia chai ya pili, akasema, basi itafute vizuri zaidi.

Jumapili, saa sita mchana, watu wakiwa makanisani na majumbani, nilikwenda saiti na fundi wa gereji ya halmashauri, ambaye naye sasa ni marehemu. Geti lilikuwa limeshafunguliwa na polisi na ufunguo nilikuwa nao mimi. Tulichonga ile boriti ya tatu, upande wake wa chini, katikati. Nondo zako zilikuwa tano, mdogo wangu. Zilikuwa tano, zimenyooka, zimefungwa vizuri kuliko nilivyowahi kuona katika kazi yoyote niliyoikagua. Tukazikata mbili, kipande cha urefu wa mkono kila moja, tukazitoa. Ncha zilizobaki tukazifunika kwa mchanga na saruji, tukarudishia lipu, tukapaka rangi. Ikakauka. Kamati ilipokuja, mkurugenzi alikuwa anajua pa kunyoosha kidole, na mimi nilikuwa nimeshika ngazi uliyopanda.

Nilijiambia nitazirudisha. Ugomvi ukiisha nitaleta fundi wa kuchomelea, nizirudishe. Nilimwomba mkurugenzi. Akasema tukigusa tena boriti hiyo watu watauliza tunatengeneza nini, akaniamuru lile tundu lizibwe, na jengo likazinduliwa. Nilichoweza ni kuandika kwa rangi nyekundu juu ya mlango wa stoo ya ghorofani kwamba kitu kizito kisiingie humo. Kwa miaka yote niliyokuwa kazini nilipita kuangalia kama maandishi yapo. Nilipostaafu wakapaka kuta upya. Waliopanga matangi hawakukuta kitu.

Kwa hiyo hukuiba. Na kaka wa mkeo hakuiba. Aliyekula nondo ni mimi, na wewe umelibeba jina langu mtaani maisha yako yote.

*

Naendelea kuandika nikiwa mahali pengine, utaona ni wapi.

Nilipofika hapo juu niliweka kalamu, nikaona kwamba barua kwa posta haitakufikia kabla ya keshokutwa hata ikiwahi. Nikaona pia kwamba nilikuwa nafanya tena lilelile, kukwambia wewe uliye mbali ili nisimwambie aliye karibu. Nikamwita binti yako. Nikamwomba amwite mkandarasi wa matangi, aliyekuwa pale chini na mafundi wake. Walikuja pamoja, wakasimama kila mmoja upande wake, chini ya boriti, na nikawaambia wasogee kwanza. Walidhani nina homa. Walisogea.

Nikawaambia yote, kwa mpangilio, kama ninavyokuandikia. Redio aliketi kitandani akasikiliza mpaka mwisho. Mkandarasi alitazama juu, akautafuta ufa, akauona. Akafungua mkoba akaangalia kama ufunguo wa koki bado umo, akaufunga. Akasema kwa sauti ndogo kwamba amekwisha kuwalipa mafundi kwa ile nusu, na sasa itabidi airudishe hela asiyo nayo. Hakunitukana. Ningependa angenitukana.

Binti yako aliniuliza jambo moja tu. Aliuliza kama mjomba wake alikufa bila kujua. Nikamjibu ndiyo, alikufa bila kujua.

Akavua glavu, akazitupa kwenye ndoo, akatoka. Nikadhani amekwenda kulia. Akarudi na wauguzi wenzake wawili, na bila kumweleza mtu wakaanza kusukuma vitanda. Walianza na Redio. Dereva akauliza kwani kuna nini, akaambiwa atulie. Mimi nilikuwa wa mwisho. Nilimwambia aniache hapo hapo, kwa kuwa anayestahili kulala hapo ni mimi. Tangu azaliwe ameniita Baba mkubwa, hata akiwa amekasirika. Alishika kitanda upande wa miguu, akasema, Mzee, shika vyuma.

Nikashika vyuma.

Tangu hapo daktari amefunga wodi, lakini hana hakika na anachofanya. Mhasibu wa halmashauri amekwisha kupiga simu. Anasema mkandarasi amemlisha maneno mzee mgonjwa ili akwepe kipimo, na kwamba pasipo ushahidi matangi yatajazwa na fundi mwingine. Mkandarasi ameifunga stoo na amekataa kuigusa boriti, maana akichonga yeye watasema amekata yeye. Anataka achonge mtu aliyeijenga, mbele ya daktari na mhasibu na kila atakayetaka kuona, na amenipa mpaka keshokutwa mchana. Daktari anasema hawezi kuwaweka wagonjwa koridoni zaidi ya hapo.

Nakuomba uje. Najua sina haki ya kukuomba, lakini mle ndani watarudishwa watu. Weka kwanza mirunda ya kuishikilia boriti, pande zote mbili, kabla hujagusa lipu. Lete tindo yako mwenyewe. Anza kule kwenye nguzo, ambako sikugusa, wazihesabu tano. Kisha njoo katikati, wazione tatu, na kando yake uwaonyeshe ncha mbili zilizokatwa. Waache watazame wanavyotaka. Mimi nitabebwa niletwe, niseme mbele yao nilichowaambia hawa wawili.

Barua hii analeta binti yako. Amekubali kuibeba, hakukubali kunijibu. Alisema yeye hatakusimulia, na kwamba kama nimeianza niimalize. Nimefurahi anasafiri, kwa kuwa usiku wa leo hatakuwa ndani ya jengo hili.

Msalimie mkeo. Kwa habari ya kaka yake sijui niandike nini, nimejaribu mara tatu na kukata. Wasalimie na majirani wanaonikumbuka, kama bado utapenda kuwaambia unanijua. Mungu akupe nafuu ya magoti, na njia isiwe na matatizo. Nilidhani nikishasema woga utaniacha. Boriti siiogopi tena, nimekwisha kuondolewa chini yake. Sasa nakuogopa wewe, mdogo wangu, na mlio wa miguu yako ukiingia.

Ukifika usinitafute wodini. Wameniweka koridoni, ukutani, mkono wa kushoto, mahali ambapo kila anayeingia lazima apite mbele yangu.

Ni mimi,
wa baba mmoja na wewe.